Twiga wa Rekhmire

Jamani, nimetoka kaburini muda si mrefu, viatu bado vina vumbi la Luxor, Misri. Acha niwasimulie.

Rekhmire alikuwa waziri mkuu wa Farao Thutmose III. Kaburi lake limechongwa kwenye mwamba, ng'ambo ya magharibi ya Mto Nile. Lina zaidi ya miaka 3,400.

Wengi hupitiliza hadi Bonde la Wafalme, walikozikwa mafarao.
Mwanaakiolojia aliyetupokea alisema hapa ndipo utawaona watu wa kazi. Kweli kabisa! Ukutani wapo mafundi wa matofali: huyu anachota maji bwawani, yule yuko na jembe lake kwenye udongo, mwingine anafyatua kwa kalibu.

Halafu akapandisha tochi taratibu.

Wanubi, watu wa nchi ya kusini mwa Misri, wanaleta ushuru. Pembe za ndovu, ngozi za chui.
Na twiga.

Twiga mzima mzima, madoa yake yote, kafungwa kamba miguuni. Na shingoni mwake tumbili anapanda!

Niliganda pale. Mchoraji hakulazimika kumweka yule tumbili, ushuru ungeeleweka bila yeye. Lakini alimweka, na rangi bado ipo.

Mama mmoja wa Kimisri, mwenyeji wa hapa hapa, alikuwa anamnyanyua mwanawe aone vizuri. Mwanaakiolojia akamsogezea mtoto mwanga na kumngoja atosheke. Wasomi wa namna hii nawapenda sana.

Nyie mngekuwa pale mngemuuliza nini? Kesho namwona tena, andikeni maswali hapa chini nimpelekee.