Leo nimemwona kanitangaze, yule nondo mharibifu wa nyanya, uso kwa uso

Tulikuwa Ilula, Iringa, na mama mdogo, tunachambua nyanya za mnada wa kesho.

Nikageuza jani.
Chini yake katulia nondo, urefu wake punje ya mchele tu. Rangi ya majivu inayong'aa kama fedha, madoa meusi mbawani, vipapasio vyembamba kama uzi vimelala mgongoni.

Asili yake Amerika Kusini. Hispania alionekana 2006, kwetu Tanzania 2014. Kafika mbali hivyo na kimwili kile kidogo!

Jani lenyewe limebaki ngozi. Viwavi wake wamekula nyama yote ya ndani, ukilinyanyua juani mwanga unapita.

Mama mdogo alilishika muda mrefu, hakusema neno.
Matenga matatu tumemwaga.

Wakulima wenzangu wa Iringa na Mbeya, mitego ya harufu, ile ya kuwavuta na kuwanasa nondo hawa, inawasaidia? Niambieni jamani.