Siku Moja Maishani Mwangu: Mchekeshaji Mwenye Gitaa

Saa 11 alfajiri huwa nimeshashika gitaa, kwa maana umaarufu wa vichekesho vya televisheni haulainishi vidole. Mazoezi ya bendi, hapa Mwananyamala jijini Dar es Salaam, yalianza saa 3 asubuhi yakaisha adhuhuri. Tunapiga muziki wa dansi, ule uliokuzwa na bendi za Msondo na Sikinde, ambamo magitaa hujibizana kwanza ndipo mwimbaji afungue kinywa.

Saa 8 mchana nilialikwa redioni kuzungumzia wimbo wetu mpya, ambao ni maombolezo ya marehemu baba yangu. Nilisubirishwa sana mapokezi, na tulipoingia hewani mtangazaji akaanza, "Kaka, hebu tuigizie kwanza yule mlinzi wako wa kwenye televisheni!" Nilimweleza kwa heshima kwamba nimeleta wimbo. Nilipofafanua kwa nini ubeti wa kwanza hauna tumba, zile ngoma za kupigwa kwa mikono, alicheka, akidhani natayarisha kichekesho. Kisha akaukata wimbo kabla ya kiitikio ili apokee simu, na msikilizaji wa kwanza naye akamtaka mlinzi. Siwalaumu wasikilizaji, kwani ndio walionipa riziki, lakini mtangazaji aliyealika mwanamuziki anapaswa kuusikiliza muziki wake hadi mwisho. Mchekeshaji Steve Martin wa Marekani alishinda tuzo za muziki za Grammy, upande wa vichekesho, mwaka 1978 na 1979, naye alikuwa akipiga banjo, ala ya nyuzi kama gitaa, muda wote huo. Albamu yake ya banjo ilipata Grammy ya bluegrass, muziki wa kiasili wa Marekani, mwaka 2010. Hapa kwetu Masanja Mkandamizaji wa kundi la vichekesho la Orijino Komedi aliingia katika nyimbo za Injili. Sisi wachekeshaji tunaofanya muziki si watu wa kubahatisha.

Nilifika ukumbini usiku nikiwa hoi. Watu walianza kucheka niliposogelea tu kipaza sauti. Ndiyo sababu nilirefusha utangulizi wa magitaa, kwa kuwa vichekesho vimenifundisha kwamba kicheko kisichopewa chochote hufifia chenyewe. Nilipoanza kuimba ukumbi ulikuwa umetulia, na sebene, ile sehemu ya magitaa ya kuchezea, ilipoingia meza za mbele zote zilikuwa tupu, watu wanacheza.

Wakati wa kupakia vyombo, mpiga besi wetu, mzee aliyezipitia bendi nyingi za mji huu, aliniita pembeni. "Mwanangu, kesho mazoezini tuanze na ubeti wa pili. Tumba zinaingia mapema mno." Nilimjibu, "Mzee, zikichelewa ubeti utapoa," tukabishana juu ya tumba hizo hadi spika ya mwisho ikapanda garini.