Karani wa Kitabu Kisicholala

Mirwa haimo kwenye ramani yoyote. Niliitunga nikiwa kidato cha pili, bwenini Mbeya mjini, ndani ya kaunta buku ambalo baba alininunulia kwa ajili ya Fizikia. Ilikuwa nchi ya milima mitupu, na katikati yake ziwa la kijani lisilo na mto unaotoka. Kwa ziwa sikujisumbua: nililichukua Ziwa Ngozi lilivyo, na mianzi yake, na migomba-mwitu, na kuta zinazoshuka wima hadi majini, nikabadilisha jina tu. Chini ya maji hayo nikakiweka Kitabu Kisicholala.

Nilikipenda kitabu hicho kuliko wahusika wangu wote. Jalada lake lilikuwa la chuma kilichoanguka kutoka mbinguni. (Tulikuwa tumepelekwa na shule kukiona Kimondo cha Mbozi, lile bonge la chuma na nikeli lenye urefu wa kama mita 3, na tangu hapo kila chuma kingine nilikiona cha dukani.) Kurasa zilikuwa za magome ya miti, hazina idadi, na kila lililotokea Mirwa lilijiandika humo usiku: nani kazaliwa, nani kalala na njaa, mfalme kawaza nini. Aliyekifungua alijua yote. Nilikuwa nimejaza kurasa kadhaa kwa kusifia jalada peke yake.

Juni ile nilikwenda likizo kwa Bibi, nje kidogo ya Tukuyu. Anayeijua Rungwe mwezi wa sita anajua kwamba jioni hakuna pa kukaa isipokuwa jikoni. Tulikuwa tumemaliza mbalaga, zile ndizi za kupika, Bibi anapukuchua maharage, mjomba wangu, kitinda mimba wake na mwalimu wa shule ya msingi, akaliona lile kaunta buku. "Hebu msomee mama," akasema. Nikasoma.

Bibi hakujua kusoma, lakini alikuwa na ugomvi wa siku nyingi na daftari moja, la mkusanya maziwa. Kila asubuhi maziwa yalipelekwa, yakapimwa, lita zikaandikwa, na mwisho wa mwezi ndipo pesa ikatoka. Bibi alikuwa na hesabu yake kichwani, kila siku na sababu yake: siku ndama alipokata kamba akanyonya usiku kucha, siku ng'ombe alipogoma kwa sababu aliyemkamua alikuwa mgeni. Mwezi mmoja daftari lilipotoa lita pungufu, alisimama pale pale mbele ya foleni akazitaja siku zote kuanzia tarehe mosi, watu wakaanza kuitikia kama kibwagizo, mpaka karani akaifuta hesabu yake akaandika upya.

Basi nilipofika pale binti mvuvi anapozamia na kukiinua kitabu, Bibi akanyoosha mkono wenye maganda.

"Ngoja. Karani wake nani?"

"Hakina karani, Bibi. Kinajiandika chenyewe."

"Ng'ombe hajikamui."

Mjomba akanitetea. "Mama, hiyo ni nchi ya kubuni. Huko hata mawe husema."

"Yaseme. Mimi nauliza anayeandika. Akiwa hasikizani na jirani yake, huyo jirani ataandikwaje?"

Nikasema pengine wanaoandika ni mizimu ya nchi. Akauliza mizimu ya ukoo upi. Mjomba akaleta hoja ya Mungu, Bibi akamwambia Mungu asiingizwe kwenye mambo ya lita. Waliendelea hivyo mpaka moto ukahitaji kuni, na mimi nimekaa na kalamu yangu, hadithi imeshatoka mikononi mwangu. Nilikuwa nimenuna kidogo, nakiri, maana hakuna aliyeuliza habari za jalada.

Halafu Bibi, kama mtu anayepanga kazi ya kesho, akatoa hukumu. Kitabu kiwe na karani. Awe mzee, anajua kazi yake, si mwongo. Ila awe na deni.

"Deni la nini?" nikauliza.

"Wewe ndiye mtunzi. Lakini pale penye deni lake ndipo kitabu kitakapopinda. Huyo msichana wako apatafute hapo."

Usiku ule niliandika kwa kandili mpaka mjomba akalalamikia mafuta ya taa. Karani wangu alikuwa amekopa mashua kwa baba yake binti mvuvi, na kifo cha huyo baba hakikuwamo katika kitabu kinachojua vyote. Kwa mara ya kwanza sikujua ukurasa unaofuata utasema nini. Tangu hapo nimekutana na vitabu vya siri vya namna hiyo katika hadithi nyingi, vyenye nuru, vyenye sauti, vyenye kufuli za dhahabu, na vingi vinanichosha mapema kwa sababu hakuna aliyevishikia kalamu.

Mirwa haikufika mwisho. Asubuhi Bibi aliagiza kurasa zilizobaki zichorwe mistari: tarehe, ng'ombe, lita. Mjomba aliteuliwa karani, akawa anaandika kabla maziwa hayajatoka nyumbani. Siku ya kwanza tu Bibi alimtaka amsomee alichoandika, akamrudisha kwa nusu lita.