Daftari la Majengo: safari yangu ya Goma

Ukiitazama ramani, Goma, mji wa Kongo, iko kaskazini tu ya Kigoma, kwenye ziwa jingine, Kivu. Barabara haitambui hilo. Nilipanda basi Kigoma alfajiri, tukapita Kasulu, Kibondo na Kakonko, tukala vumbi pale ambapo lami ilikuwa bado haijafika, tukaingia Nyakanazi miguu imevimba. Kisha Rusumo, daraja, Rwanda. Kigali nililala usiku mmoja tu, na kulipokucha basi dogo likapanda na kushuka vilima hadi Musanze, likateremka Rubavu, mji ambao wengi bado wanauita Gisenyi. Ilikuwa mwishoni mwa Aprili 2022, masika yamekolea. Ile safu ya volkano za Virunga niliyoambiwa niiangalie mkono wa kulia sikuiona. Mawingu matupu.

Nilikuwa nimetumwa. Rafiki yangu, mfanyabiashara wa Kikongo anayevuka Tanganyika kuleta vitenge Kigoma, ana dada yake Goma, fundi cherehani. Alinikabidhi mfuko wa dagaa, kitenge kimoja na namba ya simu. Nami nilikuwa na hamu yangu ya siku nyingi ya kuuona mji huo ambao kila ukitajwa redioni ni kwa sababu ya vita au moto.

Mpakani nilivukia Petite Barrière, ile ya watembea kwa miguu. Tarehe 8 mwezi huohuo Kongo ilikuwa imetia saini Nairobi mkataba wa kujiunga na Jumuiya ya Afrika Mashariki, lakini foleni ilikuwa foleni, na kadi ya chanjo ya homa ya manjano iliangaliwa mbele na nyuma. Kina mama walipita na mabeseni ya karoti na nyanya kichwani. Wengine walikuwa walemavu kwenye baiskeli za magurudumu matatu, wanazungusha pedali kwa mikono, nyuma wamepakia mizigo ambayo mimi mwenye miguu miwili nisingeithubutu. Nilisimama kando nikiwatazama kwa muda, mpaka askari akaniuliza nangoja nini.

Ng'ambo ya pili, kitu cha kwanza ni weusi. Kuta za nyua ni nyeusi, vumbi ni jeusi, kokoto za barabarani ni nyeusi. Ni lava. Tarehe 17 Januari 2002 mlima Nyiragongo ulipasuka ubavuni upande wa kusini, nyufa zikashuka hadi karibu na Munigi, na moto ukapita katikati ya mji mpaka ziwani. Kanisa kuu la Mtakatifu Yosefu lilikwisha, soko na maduka yakafukiwa, kipande kizima cha njia ya ndege kikawa chini ya mwamba. Laki kadhaa za watu walikimbilia Gisenyi. Walichofanya baada ya hapo ndicho kilichowashangaza wageni waliokuja na mahema: siku chache tu baadaye watu walianza kurudi, wakitembea juu ya lava ambayo ndani ilikuwa bado inawaka. Walipoifikia mitaa yao walichukua nyundo wakaanza kupasua mawe. Kuta ninazozisema ndizo hizo.

Mwenyeji wangu, yule fundi cherehani, anakaa Majengo, upande wa kaskazini wa mji. Nyumba yake ni ya mbao, imekaa juu ya msingi wa mawe meusi, na ukiingia uani unaona choo kimejengwa juu, kina ngazi tatu. Nilidhani ni fahari ya mtu. Kumbe mwamba hauchimbiki; shimo la mita mbili ni kazi ya wiki na pesa nyingi, kwa hiyo watu wanajenga choo kwenda juu badala ya kwenda chini.

"Karibu, Papa. Ulisafiri muzuri?"

Akaufungua mfuko wa dagaa, akanusa, akacheka sana. Usiku huo tulikula bugali, sombe (kisamvu), na sambaza wa Kivu waliokaangwa, na nilipowaangalia vizuri wale sambaza nikaelewa kicheko chake. Ni dagaa wetu. Waliletwa kutoka Tanganyika mwishoni mwa miaka ya 1950 wakapandikizwa Kivu, wakazaana. Nilikuwa nimebeba dagaa kupitia nchi mbili kuwapelekea watu wenye dagaa.

Mwaka 2002 alikuwa na umri wa miaka 12. Anakumbuka kumbeba mdogo wake mgongoni na kuvuka kurudi nyumbani, soli za kandambili zikilainika na kunata. Anakumbuka pia kituo cha mafuta kilicholipuka siku chache baada ya volkano, watu wakiwa wanachota mafuta, wakafa makumi kwa mara moja. Baba yake, mzee asiyesema sana, yeye anakumbuka mwaka 1977. Lava ya Nyiragongo ni nyepesi kama uji, na mwaka ule ziwa lote la moto lililokuwa kileleni lilimwagika kwa muda usiofika saa moja. Vijiji vya mabondeni havikupata nafasi hata ya kushangaa.

"Watu ya Goma wanajua kukimbia," mzee alisema, akaendelea kula.

Basi tarehe 22 Mei 2021, Jumamosi, saa moja jioni, mbingu zilipokuwa nyekundu, hakuna aliyehitaji maelezo. Mwenyeji wangu alikuwa na watoto watatu, baba yake, na dakika chache. Aliichukua bisibisi akafungua kichwa cha cherehani, akakifunga kwenye kitenge, akakibeba. Meza na pedali akaviacha. Vyeti vya watoto, sufuria moja, daftari. Majirani walikuwa wanaburura magodoro. Yeye anasema godoro hulaliwa usiku, cherehani hukulisha mchana, na kwamba hilo alilijifunza mwaka 2002 kwa kumwona mama yake akihangaika na godoro hadi Gisenyi, akarudi hana cha kufanyia kazi.

Usiku ule lava iliishia Buhene, pembezoni mwa mji, umbali mdogo tu kutoka uwanja wa ndege. Zaidi ya watu 30 walifariki, nyumba zaidi ya 3,000 ziliungua, mamia ya watoto walipoteana na wazazi wao barabarani. Kwa Majengo moto haukufika. Lakini ardhi haikutulia. Ilitetemeka usiku na mchana, majumba ya mjini yakapata nyufa, na tarehe 27 gavana wa kijeshi akaamuru mitaa kumi ihame, Majengo ikiwemo. Hofu ilikuwa kwamba moto unatembea chini ya mji na chini ya ziwa. Na Kivu si ziwa la kufanyiwa mzaha: kina chake kimejaa methani na kaboni dioksidi. Kule Kamerun, mwaka 1986, ziwa dogo la Nyos lilitapika gesi usiku mmoja likaua watu wapatao 1,700.

Kwa hiyo akakibeba tena kichwa cha cherehani. Safari hii walikwenda Sake, kilomita zipatazo 25 magharibi, kwa miguu, barabara imejaa watu hata pikipiki hazipiti. Walilala kwenye darasa la shule. Kesho yake mchana alikiweka kichwa cha cherehani juu ya dawati, akawa anazungusha gurudumu kwa mkono, akaanza kushona nguo zilizochanika njiani. Alitoza, ndiyo. Kidogo, lakini alitoza. Nilimwambia, kwa ile nia njema ya mgeni, kwamba huo ni ujasiri mkubwa. Hakufurahi.

"Ujasiri gani, Papa? Hatuna fasi ingine ya kwenda. Njo vile."

Nililifikiria jibu hilo kuliko yote niliyoyasikia Goma. Kuna sifa ambazo ukizitoa sana zinakuwa kisingizio: watu hawa ni wavumilivu, basi watavumilia. Kituo cha kuchunguza volkano cha Goma kilikuwa kimeishiwa ufadhili wa Benki ya Dunia mwaka 2020, na kwa miezi kadhaa hata malipo ya intaneti ya kupokea taarifa za vipimo yalikosekana. Mji wa watu zaidi ya milioni, chini ya mlima uliowahi kuua mara mbili, na kipimo kimezimwa kwa kukosa bando. Mtu akikimbia na cherehani kwa sababu hakuna king'ora kilicholia, kabla ya kumsifu ni vizuri kuuliza kilizimwa na nani.

Lile daftari alilolibeba nilikuja kulijua Jumapili. Baada ya misa walikuja kina mama, mafundi na wauza mboga, wakakaa uani kwenye vigoda. Ni likelemba yao, huu mchezo ambao kwetu tungeuita upatu. Kila wiki kila mmoja anatoa faranga 5,000, na mmoja anaondoka na kapu lote. Daftari ni la shule, jalada lake limepigwa nailoni. Nilionyeshwa ukurasa wa Juni 2021. Majina yamepangwa kwa zamu, kisha mistari imekatwa, mishale imechorwa kutoka chini kwenda juu, tarehe zimefutwa na kuandikwa upya kwa kalamu ya rangi nyingine. Watatu kati yao nyumba zao zilikuwa zimeungua Buhene. Waliporudi kutoka Sake, Minova na Gisenyi, kabla hawajajua kama soko litafunguliwa au maji yatarudi, walikutana wakaamua watatu hao wavushwe mbele ya wote.

Haikupita kwa upole. Mama mmoja zamu yake ilikuwa inafuata, na alikuwa anaingoja kwa ada ya mtoto. Aligoma, akatoa maneno, akaondoka. Alirudi wiki ya pili na faranga zake, akakaa palepale alipokuwa anakaa. Nilipouliza aliambiwa nini, kimya, kisha yeye mwenyewe akasema, "Ningeenda wapi?" na wote wakaangua kicheko.

Wa kwanza kati ya wale watatu alinunua mbao na mabati. Wa pili alinunua mtaji wa makala, yaani mkaa. Wa tatu alichukua kapu lake akaondoka mjini, na hakuna aliyesikia habari zake tena. Hasara waligawana. Hiyo nayo imeandikwa daftarini, kwa mwandiko uleule nadhifu.

Kesho yake mpwa wa mwenyeji wangu alinipeleka Buhene kwa pikipiki. Lava ile imesimama palepale ilipochoka, kingo zake zinafika kifuani, na kati yake yamebaki mabati yaliyojikunja na mlango mmoja wa chuma ambao hauingizi popote. Mvua ilikuwa imenyesha. Sehemu fulani mvuke ulikuwa unatoka kwenye nyufa, karibu mwaka mzima baadaye. Vijana walikuwa wamekaa juu ya mwamba wanapasua kokoto na kuzipanga mafungu ya kuuza. Mmoja alikuwa anapasua juu ya kilichokuwa kiwanja cha nyumba yao, na alinieleza bei ya fungu bila kuchanganya habari hizo mbili. Wengi wa waliounguliwa walikuwa bado wanaishi kwenye vibanda vya maturubai upande wa Kanyaruchinya.

Barabara ya Rutshuru, iliyokuwa imekatwa na lava, ilikuwa imefunguliwa tena, na juu yake chukudu zilikuwa zinateremka. Chukudu ni baiskeli ya mbao tupu, haina pedali, magurudumu yake yamevishwa mpira wa tairi kuukuu. Dereva anapiga goti moja juu ya ubao, mguu mwingine unasukuma. Inabeba viazi, kabeji, makala, magunia kwa magunia, kutoka Kibumba hadi mjini. Kushuka ni hatari, breki yake ni kipande cha mpira na moyo wa mwenyewe. Kupanda ni kusukuma tu. Mjini wameisimamishia sanamu ya rangi ya dhahabu kwenye mzunguko wa barabara, na sijaona sanamu nyingine iliyompa mtu wake haki kama ile. Marais wengi wamejengewa kwa kazi ndogo zaidi.

Dereva mmoja alipumzika tulipokuwa, akanywa maji ya mpwa wangu wa kukopa. Alisema vita vinaanza tena juu huko, upande wa Rutshuru, waasi wa M23 wamerudi, na bei ya viazi itapanda. Aliyasema kwa mpangilio huo.

Asubuhi ya kuondoka mawingu yalifunguka na Nyiragongo ikaonekana yote, mita karibu 3,470, imekaa karibu kuliko nilivyodhani. Mwenyeji wangu alikuwa anafua. Hakuinua kichwa.

Tumebaki tunaandikiana. Mwishoni mwa Januari 2025 M23 waliuteka mji, na simu yake haikupatikana kwa siku kadhaa. Umeme, maji na intaneti vilikuwa vimekatika. Ujumbe ulipofika ulikuwa mfupi. Wako wote. Risasi moja ilipita ubao wa jikoni ikaingia kwenye gunia la makala. Kichwa cha cherehani kiko. Nikamwuliza wanaishije, maana nilisikia benki zimefungwa. Akajibu kwamba benki yao haijafungwa: mchango wameushusha hadi faranga 2,000, wameongeza majina mawili, na wanakutana Jumapili baada ya misa kama kawaida, ila siku hizi wanamaliza mapema kabla giza halijaingia.