Sanduku la duka la kufulia

Januari 2014, Chicago, baridi ya kupasua midomo, rafiki yangu aliniita tushushe sanduku la Street Fighter II, mashine ya gemu la mapigano inayolishwa sarafu, hadi chumba cha chini ya nyumba yake. Lilikuwa limetelekezwa nyuma ya duka la kufulia nguo tangu enzi za PlayStation, watoto walipoanza kupigana sebuleni kwao na robo dola zikaacha kuingia. Sasa wenye baa walikuwa wakiyasaka masanduku hayo kwa udi na uvumba.

Tulipochomeka, gemu likawaka, likazima, likawaka tena. Fundi tuliyemwita, mzee aliyezeekea kwenye mashine hizi, hakugusa bodi, ile yenye chipu za gemu. Alichukua mita ya kupimia volti. Kwenye pawa saplai, kifaa kinacholisha bodi umeme, volti 5.05. Kwenye bodi, 4.6.

"Umeme wenu unaibiwa njiani," akasema.

Mwizi alikuwa uchafu kwenye plagi ya JAMMA, ile ndefu yenye pini 56 inayounganisha bodi na nyaya za sanduku. Tulisugua ukingo wa bodi kwa kifutio cha penseli, tukapitisha spiriti, volti zikapanda hadi 4.98. Wengi hukimbilia kuongeza volti kwa kiskurubu cha pawa saplai. Siku plagi ikisafishwa, bodi inapokea kupita kiasi na chipu zinaungua.

Ikabaki skrini. Picha ilijikunja juu, vichwa vya wapiganaji vikakunjamana: kapasita, vile vikopo vidogo vinavyotunza umeme, zimekauka. Mzee alichomoa umeme, akafunga waya kutoka kwenye fremu ya skrini hadi kwenye bisibisi, akaipenyeza chini ya kofia ya mpira iliyoko mgongoni mwa skrini. Tak! Skrini ya kioo kinene hubaki na maelfu ya volti hata ikiwa imezimwa. Mkono wake wa pili ulikuwa mfukoni muda wote, umeme usije ukapata njia ya kupita kifuani.

Kulehemu niliachiwa mimi. Kapasita moja nikaigeuza, upande wenye mstari, yaani hasi, ukakaa kwenye chanya. Tulipowasha ikapasuka kama bisi, chumba kikanuka samaki. Mzee alinisogezea nyingine bila kusema neno.

Usiku picha ikanyooka, ila Chun-Li, mmoja wa wapiganaji, alitoa ngumi tupu, teke hata moja halitoki. Nikaanza kuilaumu bodi. Kumbe JAMMA hubeba vitufe vitatu tu kwa kila mchezaji. Mateke yana nyaya zake za pembeni, nasi tulikuwa tumeziacha zikining'inia. Nilipozichomeka, rafiki yangu alikuwa ameshatumbukiza robo dola ya pili.