Nala maana yake nini, jamani?

Saa tano usiku wifi yangu kanitumia meseji WhatsApp, ana mimba ya miezi minane na usingizi hana: "Nimepata jina! Nala. Ni Kiswahili, maana yake zawadi." Nikasoma mara mbili. Wifi ni Muganda wa Masaka, Kiswahili chake ni cha sokoni, lakini sisi wa Busia tumekikuta nyumbani na kwetu zawadi ni zawadi, nala ni nala tu, kama vile nala ugali. Kumwambia hivyo akanitumia saiti tatu, zote zimeandika zawadi, eti nabishana na dunia nzima.

Saiti tatu si mashahidi watatu bana. Mmoja kaandika, wawili wakakopi. Mi siku hizi naangalia kwanza wametaja lugha gani, nikikuta "asili: Uganda" nafunga hapohapo manake Uganda si lugha. Pacha wa kiume wa Kiganda ni Wasswa na Kato, wa Kiacholi ni Opiyo na Ocen, sasa hiyo "asili ya Uganda" ni ya nani? Na hata maana ikiwa sahihi bado jina linaweza lisimfae mtoto. Kato ni pacha wa pili, sawa, hawajadanganya, ila mpe huyo wako aliyezaliwa peke yake uone, kila mtu atauliza Wasswa yuko wapi na nyie mlianza lini kuitwa Ssalongo na Nnalongo, yaani baba na mama wa mapacha.

Ya Kizungu nayo ni hayohayo. Nina binamu anaitwa Vanessa, kakua akijua jina lake ni kipepeo kwa Kigiriki. Kumbe lilitungwa na Jonathan Swift, mwandishi wa Ireland, alikuwa na rafiki yake Esther Vanhomrigh, akachukua Van ya ukoo akaunga na Essa ya Esther, shairi lenye jina hilo likachapishwa 1726. Vipepeo walikuja kuitwa Vanessa 1807, mtaalamu wa wadudu Fabricius ndo aliwapa. Yaani kipepeo ndo kamfuata Vanessa! Ukiweka miaka hiyo miwili pamoja ubishi umeisha. Nilimwambia binamu akaninunia siku mbili, sijui ningenyamaza tu.

Basi kwa Nala tukampigia bibi, simu tukaweka spika. Bibi akauliza, "Nala? Ala nini?" Wifi kimya. "Kama ni mambo ya kula muiteni Nanjala, tujue mtoto ana njaa." Kwetu Wasamia Nanjala ni wa msimu wa njaa, Nekesa wa mavuno, Nafula wa mvua, na bibi hakuangalia popote, anawajua kina Nanjala wenyewe na mwaka gani chakula kilikosekana. Wifi alicheka mpaka mtoto akampiga teke.

Kazaliwa Jumatano iliyopita, mvua ilikuwa inamwagika hivi kwamba bodaboda wawili walikataa kunipeleka hospitali. Anaitwa Nafula. Ila ikifika saa nane usiku, kaka yangu humwita Nala, manake mchana kutwa usiku kucha anachojua ni ziwa la mama yake tu.