Goran Višnjić: Kutoka Jukwaani hadi Runingani
Huku Dar es Salaam, ambako waigizaji wetu wengi hujifunzia kazi mbele ya kamera, ninamheshimu sana Goran Višnjić, aliyezaliwa Šibenik, Kroatia, mwaka 1972. Kabla Marekani haijamfahamu, alisomea uigizaji Zagreb na kucheza Hamlet, mhusika mkuu wa tamthilia ya Shakespeare, katika tamasha la kiangazi la Dubrovnik, mji ambao ngome zake za mawe hugeuzwa jukwaa, na mwigizaji hulazimika kupaza sauti bila kupoteza hisia. Naamini huko ndiko alikopikwa akaiva. Kuanzia 1999 hadi 2008 alikuwa Daktari Luka Kovač katika ER, tamthilia ya runinga ya Marekani kuhusu madaktari wa hospitali, mhusika Mkroatia aliyefiwa na mke na watoto vitani. Hata anapomwinamia mgonjwa bila kusema neno, macho yake hueleza msiba huo wote.